Jinsi ya kufuga wadudu vijiti, nyumbani au darasani

Wadudu vijiti, wale wembamba wanaofanana na vijiti vya mti, hawapigi kelele, hawanuki, hawahitaji kutembezwa, na ukisafiri siku mbili tatu hawatakuwa na habari. Ndiyo maana wengi hudhani kazi yenyewe ni kumtia mdudu kwenye chupa pamoja na jani moja na kumwangalia. Kwa wiki ya kwanza mambo huenda. Kisha asubuhi moja mdudu anakutwa chini, miguu imepinda, nusu ya mwili ikiwa bado ndani ya ngozi ya zamani.

Wadudu hawa hukua kwa kujivua gamba, na hapo ndipo wengi hufia. Ukishalielewa hilo, ushauri mwingine wote unaeleweka: urefu wa tundu, aina ya paa, saa ya kunyunyizia maji, hata idadi ya wadudu unaoruhusu kuishi pamoja. Karibu kila kitu unachokiandaa ni cha kumvusha mdudu usiku ule mmoja.

Hatua ya 1: Chagua aina isiyo na makuu

Aina za wadudu vijiti zilizokwisha kupewa majina na wanasayansi zinazidi 3,000. Mrefu kuliko wote ni Phryganistria chinensis wa China: mmoja aliyezaliwa akifugwa alifika sentimita 64 miguu ikiwa imenyooshwa. Usianze na huyo.

Anza na Carausius morosus, mwenye asili ya kusini mwa India, ambaye amezoeleka katika maabara na madarasa kwa zaidi ya miaka mia moja. Jike mzima ana urefu wa sentimita 8 hivi, anaishi takriban mwaka mmoja, joto la kawaida la chumba linamtosha, na hahitaji dume. Madume wa aina hii ni adimu mno. Jike hutaga mayai yasiyorutubishwa, nayo huanguliwa majike watupu. Kwa hiyo mdudu mmoja anatosha kuanzisha ukoo mzima. Sasa hivi hilo linasikika kama baraka, tutalirudia mwishoni.

Ukishamzoea, kuna wengine wa kuvutia zaidi. Extatosoma tiaratum wa mashariki mwa Australia ni mnene, ana miiba, na akitishwa hukunja mkia juu ya mgongo mithili ya nge, ingawa hana sumu yoyote. Peruphasma schultei wa kaskazini mwa Peru ni mweusi kama mkaa, macho ya njano, vibawa vidogo vyekundu. Aliingia katika vitabu vya sayansi mwaka 2005 tu. Heteropteryx dilatata wa Malaysia ana jike mzito wa rangi ya kijani anayepiga teke kwa miguu yenye miiba mikali, na mayai yake huweza kuchukua zaidi ya mwaka kuanguliwa. Huyo ni wa mtu mwenye subira.

Kwa darasa la watoto, epuka Anisomorpha buprestoides wa kusini mwa Marekani. Hurusha majimaji yanayowasha vibaya, na hulenga macho. Peruphasma naye hurusha majimaji ya kuwasha, kwa hiyo hafai kupitishwa mikononi mwa wanafunzi.

Unapotafuta pa kuwapata, utakutana na namba kama PSG 1 au PSG 9. Zimetolewa na Phasmid Study Group, chama cha wafugaji na watafiti kilichoanzishwa Uingereza mwaka 1980, ambacho huipa namba kila aina inayoingia katika ufugaji. Carausius morosus ndiye namba 1, Extatosoma tiaratum namba 9. Namba husaidia kwa sababu majina ya kawaida hutofautiana kwa kila mtu, na majina ya kisayansi nayo hubadilika.

Ni vizuri zaidi kupata mayai au watoto kutoka kwa mfugaji mwingine kuliko kuokota porini. Wa porini huwezi kujua anakula nini, na mti uliomkuta amelala mchana si lazima uwe ndio anaoula usiku. Na kabla hujaagiza chochote, uliza sheria ya nchi yako. Marekani, kwa mfano, wadudu hawa huhesabiwa kuwa wadudu walao mimea, na Wizara ya Kilimo huhitaji kibali kabla ya kuwaingiza au kuwasafirisha kutoka jimbo moja hadi jingine.

Hatua ya 2: Tafuta majani kabla ya mdudu

Hawa hula majani mabichi tu, mwaka mzima, usiku kwa usiku. Ukikosa majani kwa wiki moja, mradi umekwisha. Kwa hiyo tafuta kwanza mmea wenye majani misimu yote, mahali ambapo hapapuliziwi dawa, kisha ndipo umtafute mdudu anayeula mmea huo. Watu hufanya kinyume chake.

Carausius hula majani ya mwaridi, vichaka vya miiba vya jamii ya Rubus vinavyozaa beri, mmea wa ua wa Ligustrum, na Hedera itambaayo ukutani. Extatosoma hupenda mkaratusi, lakini hula pia mpera, mwaridi na Rubus. Wadudu-majani wa jamii ya Phyllium, ambao ni ndugu zao, hukubali mpera na mwembe. Peruphasma anashikilia Ligustrum. Mdudu aliyezoea mmea mmoja anaweza kugoma akibadilishiwa ghafla, basi changanya mpya na wa zamani kwa siku kadhaa.

Maua ya waridi yanayouzwa kwa mashada, majani yake usiwape kamwe. Huwa yamepuliziwa dawa ya wadudu, na dawa ya wadudu haichagui mdudu unayempenda. Mimea ya vyungu iliyonunuliwa nayo ni ya kushukiwa kwa miezi kadhaa, kwa sababu dawa nyingine hukaa ndani ya mmea wenyewe na hazitoki kwa kuoshwa. Majani ya kando ya barabara yenye magari mengi, yaache pia.

Chagua majani yaliyokomaa, ya kijani kibichi iliyokolea. Machipukizi laini hunyauka upesi, na ya Rubus hasa huwa hayawafai. Osha tawi, kung'uta maji, kata ncha ya shina, kisha litie kwenye chupa yenye maji na mdomo mwembamba. Ziba mdomo wa chupa kwa pamba au karatasi iliyosokotwa mpaka pasibaki upenyo. Hili si la hiari. Watoto wa wadudu hawa, yaani tunutu, hushuka kwenye shina kutafuta maji na kuzama, mmoja baada ya mwingine, ndani ya chupa ambayo ulidhani ni ya kuwalisha.

Tawi lililotunzwa hivyo hudumu siku tano hadi saba. Unapolibadilisha, weka jipya likigusana na la zamani ili wadudu wahamie wenyewe usiku, na kesho yake chunguza la zamani jani kwa jani kabla ya kulitupa. Tunutu wana ustadi wa kujificha, na jalala la takataka limemeza wengi kuliko magonjwa.

Hatua ya 3: Tundu refu, paa la wavu

Mdudu anapojivua gamba huning'inia kichwa chini, akijishikiza kwa miguu juu, na kuteleza kutoka kwenye ngozi ya zamani kuelekea chini. Anahitaji nafasi ya karibu mara mbili ya urefu wake chini yake. Akigusa sakafu au akigonga tawi kabla hajatoka, hukwama, na mwili laini hukauka ukiwa umepinda. Kutokana na hilo ndipo kanuni ya wafugaji inapatikana: kimo cha tundu kiwe angalau mara tatu ya urefu wa mdudu mzima, na upana mara mbili. Kwa kundi la Carausius kumi hivi, tundu la sentimita 30 kwa 30 na kimo cha 45 linatosha.

Paa liwe na wavu au kitambaa cha chandarua ambacho kucha za mdudu zinaweza kukishika. Kioo kitupu juu hakifai, maana mdudu mzito akiwa amening'inia huweza kuachia. Kuta zinaweza kuwa za kioo, plastiki au wavu, na hapa pana uamuzi wa kufanya. Tundu la wavu lina hewa nzuri lakini hukauka haraka. La kioo hutunza unyevu lakini hewa ikikwama huota ukungu. Mimi napendelea kuta za kioo au plastiki, wavu juu na kipande cha wavu upande mmoja karibu na chini, ili hewa ipite kutoka chini kwenda juu.

Vitundu vya wavu viwe vidogo kuliko milimita moja na nusu kama utakuwa na watoto. Tunutu wa Carausius akitoka kwenye yai ni mwembamba kama uzi, na upenyo wowote unaomruhusu kutoka, ataupata.

Sakafuni tandika karatasi nyeupe. Udongo wa mapambo unapendeza machoni, lakini kwenye karatasi utaona mayai, kinyesi na dalili za ukungu mapema, na kusafisha ni kuikunja na kuitupa. Aina zinazotaga ndani ya udongo, kama Heteropteryx, ndizo pekee zinazostahili sinia la udongo wenye unyevu wa kina cha sentimita kadhaa.

Usiweke tundu juani. La kioo huwa tanuri kwa dakika chache.

Hatua ya 4: Maji ya jioni

Nyuzi 18 hadi 25 za joto zinawatosha Carausius. Wa misitu ya tropiki hupenda kuwa upande wa juu wa kiwango hicho. Taa za kupasha joto hazina kazi kama wewe mwenyewe unaishi chumba hicho bila kutetemeka.

Unyevu ndio unaohitaji mkono wako kila siku. Chukua chupa ya kupulizia yenye maji safi, na kila jioni pulizia majani na ukuta mmoja kidogo tu. Jioni, kwa sababu ndipo wanapoamka, wanakunywa matone, na wengi hujivua gamba usiku. Kufikia asubuhi sehemu kubwa iwe imekauka. Kama bado maji yanatiririka kwenye kioo saa sita mchana, umezidisha, na ukungu utafuata. Usiwapulizie wadudu wenyewe moja kwa moja, hasa aina zinazorusha majimaji zikistuka.

Bakuli la maji halihitajiki, na kwa tunutu ni hatari.

Hatua ya 5: Usiku wa kujivua gamba

Carausius jike hujivua mara sita kabla ya kukomaa, katika muda wa miezi minne hadi sita kutegemea joto. Dalili ni kwamba anaacha kula siku moja au mbili kabla, kisha ananing'inia mahali pamoja bila kusogea, vipapasio na miguu ya mbele vikielekea chini. Ukiona hivyo, usibadilishe majani, usihamishe tundu, usimguse. Ngozi hupasuka mgongoni nyuma ya kichwa, naye anajitoa polepole, mguu baada ya mguu. Akishatoka hubaki amening'inia mpaka ngozi mpya ikaze, kisha mara nyingi hugeuka na kuila ile ya zamani. Mwachie, ni chakula chake.

Je, ukimkuta amekwama? Kama ni mguu mmoja tu, ongeza unyevu, loanisha ngozi iliyogoma kwa brashi laini yenye maji ya uvuguvugu, na umpe muda. Usivute. Mdudu kijiti ana uwezo wa kuuachia mguu ulionaswa, na hiyo mara nyingi ni heri kuliko mwili mzima kukwama. Mguu uliokatika huota tena katika majivuo yanayofuata, kwanza mdogo uliojikunja, kisha ukinyooka kidogo kidogo. Aliyekwisha kukomaa hajivui tena, hivyo akipoteza mguu ameupoteza.

Maajabu ya kuota upya yana upande wake wa ajabu zaidi. Mwanzoni mwa karne ya 20 watafiti waligundua kwamba Carausius aliyekatwa kipapasio karibu na shina anaweza kuotesha mguu mahali pake. Hakuna haja ya kulijaribu hilo nyumbani.

Wadudu wakibanana, mmoja hupita juu ya mwenzake anayejivua na kumwangusha. Wengine waking'atana miguu na vipapasio, ujue majani ni machache au yamenyauka. Kwa hali yoyote kati ya hizo, gawa kundi.

Hatua ya 6: Kushika bila kuvunja

Usimkamate kwa mguu wala usimvute kutoka tawini. Weka kiganja mbele yake, mguse taratibu kwa nyuma, naye atapanda mwenyewe. Akiwa ameng'ang'ania, anza kuinua miguu ya mbele mmoja mmoja. Tunutu usiwashike kwa vidole kabisa. Wapandishe kwenye brashi ya rangi au kwenye jani. Mwanafunzi aketi sakafuni au ashikilie mkono juu ya meza, kwani mdudu akishtuka hujiachia na kuanguka, akajifanya maiti. Carausius akisumbuliwa hufungua miguu ya mbele na kuonyesha doa jekundu lililo kwenye maungio. Watoto wakiliona mara ya kwanza hupiga kelele kuliko mdudu alivyokusudia. Nawa mikono kabla na baada.

Hatua ya 7: Mayai

Jike wa Carausius akikomaa hutaga yai moja moja, machache kila siku, akiyadondosha tu sakafuni. Katika maisha yake huweza kufikisha mamia. Yai lina ukubwa wa milimita 2 hivi, kahawia, na usipojua utadhani ni mbegu au kinyesi. Tofauti iko kwenye ncha: yai lina kifuniko cha mviringo chenye kinundu cha manjano.

Kusanya mayai mara moja kwa wiki, yatie kwenye kikopo chenye tabaka la mchanga uliochemshwa au karatasi yenye unyevu mdogo, toboa kifuniko cha kikopo, na uandike tarehe. Nyunyizia kidogo mara moja au mbili kwa wiki. Ukungu ukitokea, hamishia mayai mahali pakavu zaidi. Katika joto la chumba huanguliwa baada ya miezi miwili na nusu hadi minne. Extatosoma huchukua miezi mingi zaidi. Usiyatupe kwa kuchoka kusubiri.

Kinundu kile kwenye mayai ya Extatosoma kina kazi ya kusisimua. Sisimizi hukipenda, hubeba yai hadi kwenye kiota chao, hula kinundu na kuliacha yai salama chini ya ardhi. Tunutu anayetoka anafanana na sisimizi kwa rangi na kwa mwendo wa haraka, akapita katikati yao na kupanda mti.

Watoto wakianguliwa wape majani ambayo umeyapunguza ukingo kwa mkasi. Taya zao ni ndogo na ukingo wa jani gumu huwashinda. Pale ulipokata ndipo wataanzia. Siku ya kwanza wengi hawali, wanakunywa tu. Vifo vichache wiki ya kwanza ni vya kawaida.

Hatua ya 8: Fungua daftari

Bila daftari, hili ni pambo la mezani. Andika tarehe ya kuanguliwa, tarehe ya kila kujivua, urefu kwa milimita, joto la chumba, na mmea uliotumika. Kwa darasa, majaribio haya hayamuumizi mdudu na yanatoa matokeo ya kweli:

- Okota ngozi zilizovuliwa kabla hazijaliwa na upime sehemu ileile kila mara, kama upana wa kichwa. Gawa kipimo kipya kwa cha kabla yake. Mwaka 1890 Mmarekani Harrison Dyar alionyesha kwa viwavi kwamba uwiano huo hubaki karibu uleule kila hatua. Wanafunzi waone kama kwa wadudu vijiti unashika.
- Linganisha rangi ya Carausius wa kahawia mchana na usiku. Chembe za rangi husogea ndani ya seli za ngozi na kumfanya awe mweusi zaidi gizani. Wa kijani hawana badiliko hilo, nalo lenyewe ni swali zuri.
- Mrekodi kwa simu akitembea, kisha angalia polepole ni mguu upi unafuata upi. Katika Chuo Kikuu cha Bielefeld, Ujerumani, Holk Cruse na wenzake walichunguza mwendo wa mdudu huyu huyu, na kanuni walizozipata zikatumiwa kuongoza roboti za miguu sita.
- Gawa mayai ya wiki moja kwenye vikopo viwili, kimoja mahali penye joto zaidi, na hesabu siku hadi kuanguliwa.

Daftari lina thamani hata nje ya darasa. Dryococelus australis, mdudu kijiti wa kisiwa cha Lord Howe, Australia, alidhaniwa ametoweka kutokana na panya walioshuka kutoka meli iliyopanda mwamba mwaka 1918. Mwaka 2001 wachache walikutwa kwenye Ball's Pyramid, jabali la baharini karibu na kisiwa hicho, na mwaka 2003 jozi moja ikapelekwa bustani ya wanyama ya Melbourne. Hakuna aliyekuwa na maandishi ya kumfuga. Walezi walijifunza mahali pa kutagia, chakula na unyevu huku wakiandika kila kitu, na kutoka kwa jozi ile wakapata maelfu ya watoto.

Hatua ya 9: Usiwaache wazidi, usiwaachie nje

Sasa lile tatizo la majike watupu. Carausius watano wakitaga vizuri watakupa mayai zaidi ya elfu moja, na huna majani ya kulisha elfu moja. Amua mapema unataka wangapi kizazi kijacho. Ishirini ni wengi tayari. Tenga mayai thelathini, mengine yagandishe kwenye friza kabla hayajaanza kukua. Yaache humo wiki moja, ndipo uyatupe. Karatasi ya sakafuni na majani makuukuu yapitie friza pia, kwa sababu mayai hujificha humo.

Kuwaachia bustanini si huruma. Carausius waliotoroka tayari wanaishi porini California na Afrika Kusini, wakila mimea ya watu. Acanthoxyla wa New Zealand walifika Uingereza pamoja na mimea iliyoagizwa katika karne ya 20, na kwa kuwa nao huzaa bila dume, wameendelea kuishi kusini magharibi mwa Uingereza hadi leo. Jike mmoja anatosha.

Ukitaka kuacha ufugaji, wape wafugaji wengine au shule, ukiwakabidhi pamoja na jina la aina, orodha ya majani wanayokula na nakala ya daftari. Wasipopatikana wa kupokea, acha waliokomaa wamalize maisha yao, gandisha kila yai linaloanguka, na endelea kuchunguza tundu tupu kwa miezi minne zaidi kabla ya kuliosha kwa maji ya moto na kulihifadhi.